Drops za raha zilivyotaka kumpofusha baba mkwe wangu, Iyunga miaka ya sabini

Wakuu, heshima zenu.

Juzi kijana mmoja humu alifungua uzi. Kafanya laser ya macho, anasema yanakwaruza kama kuna mchanga, anauliza atie drops gani apate raha. Nikasoma comment zote. Kila mtu kataja yake. Mmoja anasema tafuta ile inayofanya macho yawe meupe, mwingine anasema anayo nusu chupa kabatini, kijana aje achukue.

Hiyo ya nusu chupa ndiyo imeninyima raha. Nimekaa nimenyanyuka, nimechemsha chai sijainywa, nimezunguka ua mpaka mjukuu kaniuliza nimepoteza nini. Nikaona bora niandike.

Haya niliyaona kwa macho yangu na sijatia chumvi. Mimi ni bibi, naandika kwa kidole kimoja, kwa hiyo mnaopenda kurukia mwisho leo mtanivumilia.

Mimi ni Mhehe wa Kalenga, pale Iringa. Niliolewa na Mnyakyusa, nitamwita Gwakisa, fundi wa treni za mizigo. Reli ya kwenda Zambia ilikuwa bado mpya mpya. Tulikaa Iyunga, Mbeya, kwenye nyumba za wafanyakazi, zile za kuungana ambazo ukuta mmoja ni wa familia mbili. Ukipiga chafya jirani anakujibu.

Sasa kwa asiyejua.

Kwa Wanyakyusa wa wakati ule, baba mkwe na mke wa mwanawe hawaonani. Sisemi habari ya kupiga goti na shikamoo. Hawaonani kabisa. Akija njia hii wewe unaingia migombani. Hulali naye paa moja, humwangalii usoni, humsemeshi, hutaji jina lake. Jina la baba mkwe wangu siandiki hapa, na msidhani ni mambo ya privacy.

Kwetu Kalenga mkwe anaheshimiwa sana, ila chakula unampelekea na kumsalimia unamsalimia. Kwa hiyo mwanzoni nilikuwa nacheka. Gwakisa akaniambia, "Cheka ukiwa kwenu." Nikaacha.

Mzee alikuwa na jicho moja tu la kutegemea. La kushoto liliharibika tangu utotoni. Hilo la kulia nalo likaingia mtoto wa jicho, akafika mahali anachuma kahawa mbichi na mbivu pamoja kwa kupapasa. Mama mkwe alishafariki. Gwakisa akaomba ruhusa kazini, akampeleka hospitali moja ya misheni kule Iringa, akafanyiwa operesheni.

Mimi nilikuwa kwa mama yangu Kalenga, napika, chakula kinapelekwa. Siku ya kuruhusiwa nilikwenda, nikasimama nje ya mlango wa ward, maana kuingia siwezi. Nesi anamweleza Gwakisa, mimi nasikiliza. Matone haya yatachoma, akasema, yaache yachome. Msitie kitu kingine chochote. Miwani atapewa jicho likishapona, kwa sasa ataona rangi na vivuli vya watu tu.

Tukarudi Iyunga. Kwenye basi yeye mbele na Gwakisa, mimi siti ya nyuma kabisa na kanga kichwani kama mwizi.

Alale wapi? Kwangu haiwezekani. Jirani yetu wa ukuta mmoja, Baba Tumaini, Mbena wa Njombe, akajitolea chumba. Mkewe alikuwa ameenda kwao kulima. Mwenyewe Baba Tumaini alikuwa fundi wa kuchomea vyuma kule karakana ya reli, mtu mwema kweli. Naomba mshike hilo kabla hamjaanza kumtukana kwenye comment.

Basi utaratibu ukawa huu. Gwakisa anamtilia baba yake dawa. Mimi napika, naweka sahani kizingitini kwa Baba Tumaini, nakohoa, naondoka. Mzee akitaka kitu anaongea na nyumba. "Nyumba hii haina maji ya moto?" Mimi upande wa pili wa ukuta nasikia, naweka sufuria jikoni. Tuliishi hivyo na tukaelewana kuliko watu wengi wanaotazamana.

Halafu Gwakisa akapangiwa safari ya Zambia, na huko treni yao ikakwama. Kazi ya kutia dawa ikawa ya Baba Tumaini.

Kila akitiwa, mzee aliguna. Yale maguno yalikuwa yanapita ukutani yananikuta nachambua mchele. Nami niliguna naye. Ila niliyakumbuka maneno ya nesi, nikajipa moyo.

Siku moja sikusikia kitu. Kesho yake kimya. Keshokutwa yake mzee anaimba nyimbo za kanisani.

Nyie mngefurahi. Mimi nilishindwa kukaa. Mtu aliyeguna wiki nzima haanzi kuimba hivi hivi. Jioni nikamvizia Baba Tumaini uani.

"Naona mzee katulia," nikamwambia.

"Ee, dada. Nimempa ile ya kwangu. Sisi tukichomwa macho na ule mwanga wa kuchomea, hospitali ya pale kazini wanatupa kidogo. Tone moja tu, maumivu yanakata. Hata ukijikuna husikii."

"Na ya Iringa?"

"Ipo. Ila anasema ya nini kuungua wakati ya raha ipo?"

Nikamwambia nesi alikataza. Akasema hata yeye alisita, lakini kumsikiliza mtu mzima analia kila asubuhi kulimshinda. Nikamwomba amwambie mzee aache. Alikwenda, akarudi kichwa chini na jibu la mzee: mkwe anataka niumie.

Iliniuma, sisemi uongo. Na hapo ndipo ubaya wa ile desturi ulipo. Neno langu ilibidi lipite kinywa cha mtu mwingine, na likifika linakuwa limeshapoa. Mume hayupo, kumfuata mzee siwezi. Nilichoweza ni kuzunguka ua. Nilifagia mpaka jirani wa tatu akasema utafagia hadi mawe.

Alasiri moja nilikuwa bombani. Mzee akatoka, anapapasa ukuta, anakuja upande wangu.

Nikasubiri ageuke. Tangu atoke hospitali, akiona rangi ya kanga yangu kwa mbali alikuwa anageuza shingo mpaka nipite, na mimi vivyo hivyo. Siku hiyo nilivaa kanga nyekundu na jua linawaka. Hakugeuka. Akaja tu, akaja, mpaka nikasikia anavyopumua, mkono umetangulia unatafuta koki.

Mzee alikuwa hanioni.

Miguu yangu ilishaanza kukimbia yenyewe. Nikaizuia. Nikainua uso nikamwangalia, mara ya kwanza tangu niolewe. Pua ya Gwakisa yote ilitoka pale. Lakini lile jicho, wakuu. Pembeni jekundu, na kwenye mboni pana weupe kama tone la uji. Na mwenyewe anatabasamu peke yake, maana halimuumi hata kidogo.

"Baba, ni mimi," nikasema. "Mke wa Gwakisa."

Alivuta koti akajifunika kichwa. "Ondoka hapo."

"Nikiondoka utakuwa kipofu."

Maji yanamwagika kwenye ndoo. Kisha akauliza taratibu, ndani ya koti, "Umeniangalia?"

"Nimekuangalia."

"Likoje?"

Nikamwambia kama lilivyo. Akasema, humo humo ndani ya koti, basi turudi Iringa.

Asubuhi yake tukasafiri. Mkono wake sikuushika, hilo lilinishinda. Nilishika ncha moja ya fimbo yake, yeye akashika nyingine, hivyo mpaka stendi. Kwenye basi nikakaa naye siti moja. Nilikuwa natoka jasho, na Mbeya ile ya asubuhi mnaijua baridi yake.

Tukafika Makambako. Hapo ganzi ya ile dawa ya raha ikaisha.

Alianza kwa kuguna, akaishia kulia. Akatoa kile kichupa cha Baba Tumaini mfukoni, akajaribu kutia mwenyewe, basi linaruka, matone yakamwagika shavuni. Akanipa. "Nitilie."

"Hii siwezi, baba. Ya Iringa nitakutilia."

"Nakuomba."

Fikirieni. Baba mkwe wa Kinyakyusa ananiomba mimi. Na basi zima linatuangalia. Mama mmoja wa kiti cha jirani akanigeukia, "We binti, roho gani hiyo? Mzee anakufa na dawa umeshika." Konda naye akachangia. Mwingine akasema ndiyo hawa wanaosubiri wazee wafe. Nilishikilia kichupa kwenye ngumi, nikaangalia dirishani, nalia kama yeye. Kutoka Makambako hadi Iringa sijawahi kuona njia ndefu vile. Mara kadhaa nilifungua kifuniko, naomba Mungu anisamehe, nikakifunga tena.

Pale hospitali daktari akakisoma kile kichupa, akakiweka mezani. Akanieleza kwamba dawa ya ganzi ni ya kutumia mara moja, daktari akiwa na kazi ya kufanya kwenye jicho. Jicho lisilohisi halipepesi vizuri, linakauka, vumbi likiingia halijitetei, na kidonda hakifungi. Lile lilishafanya kidonda juu ya mboni. Akasema tungechelewa kidogo zaidi lingetoboka.

Alilazwa muda mrefu. Kila akitiwa dawa aliguna, nami huko nje ya mlango nikawa nashukuru kusikia.

Jicho lilipona na kovu. Akapewa miwani minene, akarudi kwake Tukuyu kuchuma kahawa yake, mbivu peke yake. Baba Tumaini alilia alipoambiwa. Mzee alimtumia ndizi mpaka alipohama Iyunga.

Lakini kabla hajarudi Tukuyu, ametoka hospitali na Gwakisa ameshatoka Zambia, kulikuwa na kikao. Habari ilishafika kwa ndugu kwamba mke wa Gwakisa kamwangalia mkwe usoni mchana kweupe, kamsemesha, kakaa naye siti moja. Wakaja Iyunga, wamekasirika, wanataka Gwakisa atoe ng'ombe au anirudishe Kalenga. Mimi nilikuwa upande wa pili wa ukuta, kanga zangu nimeshazifunga furushi.

Nikasikia kaka mkubwa wa ukoo anamuuliza mzee kama ni kweli nilimwangalia.

Mzee akasema, "Mnaniuliza mimi? Siku hiyo sikuwa naona."

Wakanywa chai wakaondoka. Mimi na mzee tukarudi kukwepana kama kawaida, mpaka alipofariki.

Kijana wa laser, nakuja kwako. Kukwaruza baada ya kupasuliwa kupo, na yapo machozi ya bandia ya kawaida yanayosaidia. Lakini jina la chupa alitaje aliyekupasua, si sisi humu, si nusu chupa ya mtu. Likikwaruza mwambie. Likiacha kuuma ghafla baada ya kutia kitu cha kuazima, mkimbilie. Raha na kupona vinaweza kukaa nyumba mbili tofauti, na mimi nimeona ukuta uliovitenga.

Haya, nimemaliza, kidole kinauma. Waliowahi kutia dawa ya jirani machoni semeni mlichoona, wenye fani ya macho nirekebisheni palipopinda, na Wanyakyusa mtakaokuja kunidai ng'ombe, njooni na shahidi aliyekuwa anaona.