Picha Iliyobaki Stoo

Waliompachika jina la Mama Nafasi hawakumwonea. Mpe mwanamke yule ukuta wenye picha kumi, ataondoa sita, arudi nyuma kidogo, akunje mikono, kisha aseme, "Haya, sasa ukuta unapumua." Alikuwa mhifadhi katika jumba dogo la makumbusho, na kama hujui mhifadhi ni nani usione haya, hata mumewe alichukua muda kuelewa. Ni yule anayeamua kitu gani kitoke stoo, kikae wapi, kando ya kipi, na kiandikiwe maneno gani. Kazi hiyo hakuisomea darasani. Alianzia mapokezi, akikaribisha wageni mlangoni, na mhifadhi wa zamani alipostaafu alimwachia kiti chake pamoja na rafu nzima ya vitabu vya kazi. "Soma, mwanangu," alimwambia, "mimi nimechoka."

Akasoma. Alisoma jikoni, alisoma kwenye foleni ya benki, alisoma huku akimsuka binti yake nywele, mpaka binti akaenda shule na mistari imepinda. Shida ni kwamba vitabu vyenyewe havikuelewana. Kimoja kilisema mhifadhi ni mtumishi wa vitu, avilinde na anyamaze. Cha pili kilisema ni mwenyeji, kazi yake kumkaribisha mgeni na kumwonyesha njia. Cha tatu, kile kinene chenye jalada jekundu, kilisema mhifadhi ni mtu wa kuchagua, na asiye na ubavu wa kusema hapana akatafute kazi nyingine.

"Vitabu vyako vinagombana kama mawifi," mumewe alimtania.

Naye mumewe alikuwa na haki ya kusema. Sebuleni kwao picha za ukoo zilijaa ukuta mzima, na siku moja jamaa wa watu alirudi kazini akakuta zimebaki mbili. Miongoni mwa zilizoondolewa ilikuwemo ya mama mkwe. Na mama mkwe, kama vile kaitwa, kesho yake huyo mlangoni! Alikaa kwenye kochi, hakula, hakunywa, akaukazia macho msumari mtupu. Picha ilirudi palepale, na Mama Nafasi akaomba radhi mpaka sauti ikamkauka.

Basi, ukafika wakati akapewa onyesho la kwanza la kwake mwenyewe. Mkurugenzi hakumung'unya maneno: likienda vizuri, chumba cha maonyesho ni chake, likienda mrama, kinageuzwa ukumbi wa mikutano na yeye arudi mapokezi. Onyesho lilikuwa la mchoraji mmoja marehemu, mtu aliyechora watu wanaosubiri tu. Wagonjwa kwenye benchi za zahanati, wanaume nje ya mlango wa ofisi, mama aliyevua viatu akaviweka kando. Alikufa hakuna aliyewahi kuzionyesha picha zake popote, zikabaki kwa kaka yake, fundi bomba mwenye mikono minene na maneno machache.

Kaka mtu alizileta mwenyewe kwa pikapu yake ya kazi, zimefungwa mashuka, zimelala juu ya mabomba. Akazipanga sakafuni, akajifuta mikono.

"Zote ziwe ukutani," alisema. "Ikibaki hata moja, nachukua zote."

"Zote kabisa, kaka?"

"Dada, nimeshasema."

Picha zilikubali kukaa, isipokuwa moja. Ilikuwa ya mwanamke kwenye kiti, mkoba mapajani, rangi zilezile, kiti kilekile. Mama Nafasi akaijaribu kushoto, akaijaribu kulia, akaipeleka karibu na dirisha. Popote ilipokwenda, picha za jirani zilipooza. Seremala wa makumbusho, nyundo mkononi, akashindwa kuvumilia. "Mama, kwa matundu haya ya misumari, huu si ukuta tena, ni chujio."

Alikaa chini akaitazama, akaitazama tena, ndipo akaelewa kinachomkera. Wale wengine walikuwa wanasubiri. Huyu alikuwa amekaa tu.

Akaogopa. Je, kama ndiyo ya mwisho, aliyoichora marehemu akiwa hoi kitandani? Kitabu chekundu kilimwambia achague, akachagua, akaipeleka stoo. Lakini kulikuwa na jambo moja ambalo vitabu vyote vitatu vilikubaliana: mali ya mtu usiiamulie bila kumwambia mwenyewe. Alishika simu, akaiweka. Nitampigia kesho, alijiambia. Kesho ikazaa kesho nyingine, na kesho ya mwisho ikawa siku ya ufunguzi.

Kaka mtu aliingia amevaa suti iliyombana shingo. Hakusalimia mtu. Alianza ukuta wa kwanza, akipita picha moja moja, midomo ikicheza. Alikuwa anahesabu, jamani! Mama Nafasi alisimama kando na glasi ya maji asiyoyanywa, roho juu juu. Kaka mtu akamaliza chumba, akarudia upya, kisha akamjia moja kwa moja.

"Ya mwanamke mwenye mkoba siioni."

Uongo ulimjia mdomoni tayari umepikwa, kwamba fremu imevunjika, iko kwa fundi. Akaumeza.

"Iko stoo, kaka. Nilipaswa kukupigia nikaogopa. Hilo ni kosa langu, nisamehe. Lakini haikai na wenzake. Nimeijaribu kila mahali." Akavuta pumzi. "Ukitaka kuzichukua zote, chukua. Ile siitundiki."

Mwanamume akajibwaga kwenye benchi, akafunika uso kwa mikono yake minene. Mabega yakaanza kumtikisika. Mama Nafasi akajua, basi, mambo yamekwisha.

"Ile niliichora mimi," kaka mtu alisema.

"Wewe?"

"Mimi. Miaka yote nilimwambia mdogo wangu, kazi gani hii ya kuchora watu wamekaa, hata mimi naweza. Nilimwambia mezani, mbele ya mke wake, mpaka akaacha kuja kwangu. Alipokufa nikachukua rangi zake nikamwiga. Nikasema, wataalamu wakiitundika pamoja na zake, basi nilikuwa sawa. Nikakutisha makusudi, maana mtu wa kubabaisha angeitundika tu, yaishe." Akafuta macho kwa kiganja. "Kisha nikaanza kuogopa. Nikiikuta ukutani, ina maana mdogo wangu alipoteza maisha yake bure. Chakula hakipiti, dada. Nimekuja hapa naomba nisiikute."

Mama Nafasi alishusha pumzi ndefu, akakaa kando yake bila kukaribishwa. Hakuna anayechukua picha. Hakuna anayerudi mapokezi. Alitaka kumkumbatia, na alitaka kumpiga na kitabu chekundu.

"Kaka, ulitaka kuniua!"

"Nisamehe. Lakini niambie ukweli. Ni mbaya?"

"Mbaya."

"Mbaya sana?"

"Kaka, wewe endelea na mabomba."

Walicheka mpaka mkurugenzi akageuka kuwatazama, akaona mwenye picha anacheka, naye akatabasamu akaendelea na wageni wake. Kaka mtu alilegeza tai, akainuka, akaenda kusimama mbele ya yule mama aliyevua viatu. Safari hii hakuhesabu chochote. Alisimama tu, mikono nyuma, akiangalia kwa raha zake.

Kando yake wakaja wasichana wawili. Mmoja akainamisha kichwa, akaitazama picha, akambonyeza mwenzake.

"Hivi hata mimi naweza."

"Huwezi, mwanangu," kaka mtu alimwambia kwa upole. "Nimejaribu."