Makako Hajue Moto

Juzi, sokoni Kasongo, nilimsikia kijana mmoja wa siasa, kipaza sauti mkononi, akituita sisi watu wa upande wa Kabambare makako, yaani nyani, eti kwa sababu hatumpigii kura. Watu wakacheka. Mimi damu ilinichemka, maana neno hilo nalijua tangu utotoni, na aliyetuletea namjua.

Enzi za Wabelgiji, rafiki yangu, kila mama kijijini kwetu alilazimishwa kulima pamba. Pamba hailiwi. Basi bibi yangu, kama wenzake, alipenyeza karanga katikati ya mistari, na harufu yake zikikaangwa bado ninayo puani. Siku moja Mzungu wa pamba akaziona. Akazing'oa zote, changa vile vile, akamnyooshea bibi fimbo mbele yetu wajukuu: "Makako!" Bibi aliinama akaziokota.

Kwa desturi, Mzungu akilala kijijini, akina mama ndio waliompikia. Jioni ile tulingoja kusikia vinu na kunusa mawese jikoni, wapi! Bibi alikuwa amepita nyumba kwa nyumba, na kila mama alikuwa ameumwagia moto wake maji. Polisi alipokuja kudai chakula cha bwana wake, bibi akampa sahani: muhogo mbichi na udongo wake, na zile karanga juu.

"Mama, unatafuta kifungo?"

"Umwambie Bwana, makako hajue moto. Namna gani atapikia mutu?"

Walimfunga gerezani kule Kasongo. Alirudi amekonda, kichwa kimenyolewa, anacheka. Nililia, lakini sijawahi kujivunia mtu namna ile. Pamba tuliendelea kuilima, ila neno lile Mzungu hakulitamka tena kijijini kwetu.

Leo pamba haipo, vinu vimeshindwa na mashine, bibi yangu yuko chini ya udongo. Neno ndilo lililobaki, tena vinywani mwetu wenyewe, na hilo linaniuma kuliko fimbo ya Mzungu.

Jioni ya siku ile ya soko, kijana wa siasa akapiga hodi kwangu na watu wake, akitafuta kura. Akaketi, akatabasamu.

"Mama, tuko na njaa."

Sombe yangu ya majani ya muhogo ilikuwa inachemka. Nikaipua, nikaumwagia moto maji, nikaenda kumchagulia muhogo wenye udongo mwingi.