Hapo Hapo, Usipumue

Shemeji yangu ni fundi wa madishi, na mtaa mzima unamwita Angani. Alimwoa dada yangu akiwa na spana moja na suruali mbili, nami nikasema wazi kwamba ndoa hiyo haina miguu. Nilikosea. Miguu ilikuwepo, tena minne, na yote ilikwenda kazini pamoja.

Kazi yenyewe inataka watu wawili. Mmoja yuko juu ya paa anageuza dishi kidogo kidogo, mwingine yuko mbele ya televisheni anapaza sauti. Wa chini alikuwa dada. "Bado. Bado. Umepita, rudi." Picha ikitulia, alimalizia kwa maneno ambayo hata watoto wa jirani waliyaiga: "Hapo hapo, usipumue." Shemeji anakaza nati, kazi imekwisha. Mafundi wenzake walinunua vipimo vya kushika mkononi. Yeye alisema kipimo chake alishakitolea mahari.

Kisha mchana mmoja dada akasema kichwa kinamgonga, akajilaza kidogo, asiamke.

Baada ya maziko Angani alirudi kazini peke yake, na wateja wakaanza kuninong'oneza. Anageuza dishi, anauliza, "Vipi?" na chini hakuna mtu. Anatega sikio. Anageuza tena, anakaza nati, na picha ipo. Mwenye duka la dawa aliniambia, "Mama, kazi yake safi, lakini wanangu hawataki tena kukaa sebuleni." Nikamjibu kwamba wanawe hawajawahi kukaa popote ila kwa jirani. Lakini usingizi uliniruka.

Yakaja matangazo: setilaiti imechakaa, vituo vya televisheni vinahamia mpya, kila dishi ligeuzwe. Hapo ndipo fundi angevuna. Badala yake akaacha kazi, akaacha na kula, akashinda juu ya paa lake kando ya dishi lake. Nikapanda ngazi kumfuata.

"Shuka, shemeji. Unawatisha kunguru."

"Wameizima," akasema.

"Nani kazima nini?"

"Setilaiti yetu. Miaka yote imezunguka sambamba na dunia, ndiyo maana sisi huku tuliiona imesimama. Ikiyumba, inarudishwa kwenye mstari kwa mafuta iliyobeba. Yakikaribia kwisha, yale ya mwisho wanayatumia kuisukuma juu zaidi, isije ikawagonga wenzake. Halafu wanaizima."

"Inaanguka?"

"Haianguki. Inazunguka tu huko, kimya."

Jua lilikuwa kali, nikajitanda kanga kichwani.

"Nimejaribu hii mpya kwa watu," akasema. "Nauliza, dada yako hanijibu. Na hili hapa alilipanga yeye. Nikilegeza hii nati, ndiyo basi, sitamsikia tena."

Ningeweza kulia naye, lakini machozi hayaivishi chungu. "Utakufa njaa juu ya bati kama paka," nikamwambia. "Legeza. Chini nitakaa mimi. Mdomo ninao, hata maadui zangu hawajanikatalia hilo."

Akaniangalia sana, kisha akachukua spana.

Nikakaa kwenye kiti cha dada, juu ya mto alioushona mwenyewe. Televisheni ilikuwa chenga tupu, inavuma kama mvua ya mbali.

"Vipi?" akauliza kutoka juu.

"Bado, shemeji. Bado. Umepita, mtu gani wewe, rudi."

Chenga zikapungua, akatokea mwanamume anayesifia rangi za nyumba, uso wake umekatikakatika, kisha ukaungana. Nikafungua mdomo niseme imeshika.

"Hapo hapo, usipumue."

Sauti yangu sokoni wanaijua, ni ya kukwaruza. Hii ilikuwa laini, haina haraka, na mwishoni ina kicheko kidogo. Ilipita kooni mwangu kama mtu anayepita kwenye mlango wake.

Juu nikasikia nati inakazwa.

Aliposhuka alisimama mlangoni, spana mkononi. "Umesikia?"

"Nimesikia."

Hatukuulizana kasema nani. Aliomba chakula, akala sahani mbili.

Siku hizi tunafuatana kazini. "Bado" zote ni zangu, na matusi ni yangu. Picha inapokaribia kutulia, naziba mdomo kwa kiganja. Haisaidii.