Siku Niliyomzuilia Baba Mkwe Sindano

Jamani, naandika hapa nikiwa bado naona aibu. Mimi ni bwana mifugo, na kazi yangu kule Nduruma ni kuwafokea wafugaji wanaochoma ng'ombe antibiotiki ovyo. Juzi baba mkwe wangu, ambaye ini lake limesinyaa siku nyingi, alitapika damu tukamkimbiza hospitali. Akawekewa dripu, kisha nesi akaja na sindano.

"Ya nini hiyo?"

"Antibiotiki."

Nikasimama mbele ya kitanda kama mlinzi. "Hana homa, hana kidonda! Mnatengeneza usugu wa dawa!" Wodi nzima ikanigeukia, nami nikanogewa. Mke wangu akanivuta shati, nikajifanya sihisi.

Daktari akaja, akanieleza taratibu kwamba mgonjwa wa ini akivuja damu tumboni, bakteria humvamia upesi, na maambukizi hayo yanaweza kufanya damu ianze kuvuja tena na hata kumuua. Kwa hiyo hawasubiri homa, wanamkinga mapema kwa siku chache.

"Kumpa antibiotiki asiye na maambukizi," nikasema kwa sauti ya semina, "ni ujinga!"

Baba mkwe akafumbua macho. "Baba Neema."

"Naam, baba."

"Kuku wako wa pale nyumbani Sakina wanaumwa nini?"

Nikaanza kuikagua dripu.

"Maana kila nikija nakukuta unawakorogea antibiotiki kwenye maji, unasema ni kinga." Akamnyooshea nesi mkono. "Choma, binti yangu. Angalau na mimi nipendwe kama kuku wake."