Siku Nne za Izigo

Saa kumi na mbili na dakika ishirini asubuhi, Ijumaa, nilifunga mlango wangu Buhembe, mjini Bukoba. Mvua za vuli zilikuwa zimeanza, na dada yangu Kokugonza, mjane anayeishi peke yake Izigo, hakuwa na wa kumpandia maharage. Niliomba ruhusa ya siku moja kazini. Katika daftari niliandika: Ijumaa kusafiri, Jumamosi kupanda, Jumapili misa na kurudi.

Saa tatu kasoro robo, baada ya kupita Kemondo na Muhutwe, nilishuka Izigo. Kokugonza alinipokea kwa habari ya msiba: mke wa jirani yake, mzee tunayemwita Ta Deo, alikuwa amezikwa jana yake.

"Siku nne jembe halishikwi," alisema. "Mpaka Jumanne."

"Jumatatu natakiwa kazini."

"Basi rudi wiki ijayo, waitu, ndugu yangu. Maharage hayana miguu."

Jumamosi, alipokwenda msibani kumenya ndizi na wenzake, niliingia kibanjani, shamba lake la migomba, na jembe. Nilijiambia kwamba migomba ingeficha sauti. Haikuficha. Nilikuwa kwenye mstari wa kumi na moja nilipomwona Ta Deo mwenyewe amesimama penye ua.

"Ndugu wa mjini, saa yako inasemaje?"

Nikaitazama. "Saa nne na robo, Ta."

"Basi hapa bado ni siku ya pili."

Akageuka, akaenda zake.

Saa sita Kokugonza alirudi, mikono imejaa utomvu wa ndizi.

"Wamenipokonya kisu. Wananiambia, 'Nenda kamalizie shamba, mwenzetu una haraka.'"

Niliinuka niende kuomba radhi.

"Keti. Utakwenda na udongo huo miguuni? Jumanne, siku zikiisha, tutakwenda wote wawili."

Niliketi, nikatazama daftari langu. Alinitazama, akaelewa.

"Wewe una Jumatatu yako. Mimi nabaki."

Jumapili kanisani, benchi letu lilikuwa na watu wawili tu. Saa nane mchana nilipanda basi la kurudi Bukoba. Jumanne Kokugonza alikwenda kwa Ta Deo peke yake.

Nilizihesabu siku zile nne kama muda unaopotea. Sasa naelewa kwamba kijiji huzisimamisha ili mfiwa asisikie wengine wakiendelea na maisha kaburi likiwa bado bichi. Mimi nilimfanya asikie.

Maharage yaliota vizuri. Miaka mingine wanawake sita humsaidia Kokugonza kuvuna. Safari hii amevuna peke yake. Kwa kutorudi wiki iliyofuata, niliokoa nauli ya kwenda na kurudi: shilingi elfu nane.