Nyaraka Mchanganyiko, Kumi na Nne

Ofisini walimwita Bi Faili, na jina hilo alilipenda kuliko lile alilopewa na wazazi wake. Kwa miaka ishirini na sita alikuwa karani wa masjala, chumba cha nyuma kinakotunzwa mafaili yote ya ofisi ya serikali, na hakuna mkubwa aliyewahi kuomba faili chai yake ikapoa kabla hajaletewa. Miaka tisa ya mwisho alikaimu ukuu wa masjala. Kukaimu, kwa wasiojua, ni kubebeshwa kazi yote ya cheo na kunyimwa cheo chenyewe. Wapo wanaokaimu mpaka mvi zinawajaa kichwani, na bado wanasema asante.

Bi Faili hakusema asante. Akiwa amebakiza mwaka mmoja kustaafu, aliambiwa kwamba ukuu wa masjala unataka mwenye diploma, na kwamba utapewa kijana ambaye ni yeye aliyemfundisha hata kufunga kamba ya faili. Akaenda mahakama ya kazi. Wenzake walimwona amechanganyikiwa, lakini hoja alikuwa nayo. Miaka kumi na minne nyuma, sharti la diploma lilipoanza, ulikuja waraka uliosema kwamba walioajiriwa kabla ya sharti hilo wapandishwe cheo kwa uzoefu wao. Aliusoma kwa macho yake, akaugonga muhuri wa kupokelewa kwa mkono wake. Ofisi ilijibu kwamba waraka wa namna hiyo haukuwahi kuwepo.

Wakili wa chama cha wafanyakazi, mama mmoja asiyeishiwa mafua, alimwambia kesi nzima ni karatasi moja. Akiipata wameshinda, akiikosa wanapiga porojo. Bi Faili alicheka. Yeye kuambiwa atafute karatasi?

Kicheko kilimwisha wiki ya pili. Alipekua rafu baada ya rafu, akakohoa vumbi, akapanda ngazi aliyokatazwa na daktari kwa ajili ya magoti yake. Faili la nyaraka la mwaka ule halikuwepo. Alianza kushuku watu. Alimshuku mkurugenzi, akamshuku yule kijana, akafika hata kumshuku mfagizi, mtu asiyejua waraka unafananaje. Nyumbani chakula hakikupita. Mumewe, fundi wa saa anayejua kukaa kimya, alimtazama akisukuma sahani, ndipo akauliza kwa upole tu, "Mara ya mwisho mlichoma lini?"

Bi Faili aliinuka mezani. Mafaili yakipita miaka kumi huchomwa. Hiyo ndiyo kanuni. Yeye ndiye huyachagua, na ndiye husimama kando ya pipa mpaka yawe majivu. Waraka wake aliuchoma mwenyewe, miaka minne iliyopita.

Hata hivyo hakulala bila tumaini. Kabla ya kuchoma, karani huorodhesha kila karatasi kwenye daftari: namba, tarehe, inahusu nini. Kwa hilo Bi Faili alikuwa mkali kama pilipili, na wote waliopita mikononi mwake aliwaambia kwamba kuchoma bila kuandika ni kuua. Orodha ingemtetea. Asubuhi alifika kabla ya mlinzi kufungua geti, akalifunua daftari kwa pupa, kidole kikashuka mstari kwa mstari mpaka kikagota kwenye mwandiko wake mwenyewe: *Nyaraka mchanganyiko, kumi na nne.* Chini yake, sahihi yake.

Akakumbuka. Ilikuwa wiki ya ukaguzi. Mkurugenzi alisimama mlangoni akamwambia chumba kiwe safi kufikia Ijumaa, naye atalipeleka jina lake juu ili athibitishwe kwenye cheo. Ijumaa mchana mafaili yalibaki mengi, saa zilikuwa chache, na cheo alikiona kimekaa pale pale mezani. Mara moja tu katika maisha yake ya kazi aliandika kwa mkato. Alikaa sakafuni katikati ya rafu akalia kama mtu aliyefiwa.

Mahakamani wakili wa ofisi alikuja na daftari lile lile.

"Huu ni mwandiko wako, mama?"

"Ni wangu."

"Na waraka unaousema umo humu?"

"Umo."

"Tuonyeshe ulipoandikwa."

Bi Faili alilitazama lile neno, mchanganyiko, akaliwekea kidole. Wakili wake alipiga chafya. Jaji, ambaye hakuwa mtu mbaya, alisubiri kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika, kisha akainamia karatasi zake akaandika.

Hukumu ililetwa ofisini Jumanne, ndani ya bahasha ya kahawia. Karani haruhusiwi kushika faili lake mwenyewe, hivyo kazi ilimwangukia mkuu mpya wa masjala, yule kijana wa diploma. Alizunguka nayo chumba kizima, akafungua kabati, akafunga. Mwishowe akasogea kwenye meza ya Bi Faili, macho chini.

"Mama, nisamehe. Hii naiingizaje?"

Angeweza kumpa kisogo, na nani angemlaumu? Alitamani ardhi ipasuke aingie. Lakini karatasi ilikuwa karatasi, nayo ilikuwa haijahifadhiwa. Akamwelekeza atoboe wapi, aipe namba gani, aiandike kwenye orodha ya faili. Kijana akaandika: *Barua ya mahakama.*

"Futa," Bi Faili akasema. "Andika yote, mwanangu."

Akamtajia kwa kumbukumbu ya nakala aliyopewa na wakili wake, bila kuigusa hii: namba ya kesi, tarehe, jina la jaji, kurasa kumi na moja. Kijana alisita. Akauliza kama hiyo inatosha.

"Haitoshi. Sema inahusu nini. Ombi la karani kupandishwa cheo. Limekataliwa."

Alisimama pale pale, mkono umeshika ukingo wa meza, mpaka kijana alipomaliza kuandika na kutia sahihi.