Jiwe Ambalo Sikulichora

Likizo zangu zote za utotoni zilipita Vudee, kijiji cha milimani Upareni, kwa shangazi, na nikizikumbuka, kinachonijia kwanza ni sauti za maji. Shangazi ndiye aliyekuwa akifungua ndiva, lile bwawa la udongo lililojengwa na wazee juu ya mashamba ili likinge maji ya mfereji usiku kucha na kuyaachia asubuhi kwa zamu. Nilikuwa namfuata nyuma kwenye ukungu, nimejifunga kanga yake moja kichwani na nyingine mabegani, meno yakigongana. Akishafungua, tulikuwa tunashuka na mfereji. Alikuwa akisimama mahali, ananishika bega, ananiuliza tumefika wapi bila kunipa nafasi ya kutazama vizuri. Nilijifunza kwamba kwenye magimbi maji hayatoi sauti kubwa, yanapita kama mtu anayesali kimoyomoyo. Kwenye kona ya tatu yanaanguka kutoka kimo cha goti na kufanya kelele. Ukivuka pale, unaanza kusikia kuku wa jirani kabla hujasikia maji.

Sikujua kwamba nilikuwa nafundishwa. Nilidhani ni mchezo, na kwa kuwa sikupenda kushindwa, nilikuwa nalia nikikosea.

Hilo la kulia nikikosea halijaniacha. Leo nafanya kazi kwenye stesheneri mjini Same, natengeneza kadi za harusi, mabango na vyeti. Kazi ya michoro ya kompyuta nilijifunza mwenyewe kwa kuangalia video, na kwa kuwa hakuna mwalimu aliyewahi kuniambia imetosha, mimi mwenyewe sijui kamwe imetosha lini. Naweza kusogeza ua la kadi kushoto na kulia mpaka mwenye harusi apige simu kuuliza kama ndoa yake bado ipo. Nakagua jina la bibi harusi mara sita. Nikienda kula, narudi kulikagua tena, maana huenda limebadilika nilipokuwa sipo. Naandika haya nikijua kwamba nitayarekebisha mpaka nitakapochoka.

Miaka michache iliyopita presha ya macho ilianza kumnyang'anya shangazi dunia kutokea pembeni. Ilipofika katikati, alibaki akiona mwanga wa mlango tu. Hata hivyo aliendelea kuwa mjumbe wa kamati ya maji, akisimamia kipande cha kutoka kwenye ndiva hadi mashamba ya chini. Alikuwa akikipita na fimbo, na watu walisema anasikia mfereji uliotoboka kabla mwenye shamba hajauona.

Kisha ukaja mradi wa kujenga mfereji kwa saruji na kuuwekea koki. Mtaalamu aliupima mlima, akachora ramani kwenye kompyuta na kuituma kwenye kundi la simu la kamati. Mwenyekiti akatangaza kwamba Jumamosi ya wiki ya pili kila mjumbe ataonyesha koki za kipande chake kwenye ramani mbele ya wenzake, ili kusiwe na ubishi mafundi wakishaanza. Kwa upole kabisa, maana alikuwa mtu mwema na waliimba kwaya moja, alimwambia shangazi kwamba asiyeweza kuiona ramani hawezi kuithibitisha, kwa hiyo pengine ingekuwa vizuri ampishe mtu mwenye macho.

Shangazi alinipigia simu siku hiyohiyo. Baada ya shikamoo na marahaba hakuzunguka.

"Wewe si unachora kwenye kompyuta? Nichoree ramani hiyo niione."

Nilimwuliza ataionaje. Akaniambia hilo ndilo nililosomea.

Sikusomea chochote, lakini nilianza siku ileile. Nilichofanya kwanza kilinipa majivuno mengi mno. Niliiweka ramani kwenye simu kwa namna ambayo ukiburuta kidole juu ya mstari wa mfereji, simu inalia, na kadiri mfereji unavyoshuka mlio nao unashuka. Kwenye koki ilikuwa inagonga mara moja. Nilipanda gari la asubuhi kumpelekea. Aliburuta kidole, kikatoka nje ya mstari, simu ikanyamaza, akakirudisha, ikalia. Alifanya hivyo mara tano au sita.

"Hayo ni maji," akauliza, "au kuna mbuzi anachinjwa?"

Mabinamu zangu walicheka mpaka wakatoka nje. Nami nilicheka, ila masikio yalikuwa yanawaka. Shangazi akanieleza, bila kunicheka tena, kwamba kioo kinateleza kama sabuni. Kidole hakijui kiko wapi mpaka simu ikiambie, na simu ikinyamaza kidole kimepotea. Alitaka kitu kinachomkwaruza.

Nilirudi mjini nikanunua ubao mwembamba wa hadibodi na gundi ya mbao. Kamba ya mkonge haikunisumbua kupata, Same haijawahi kukosa mkonge. Nilichapisha ramani kwa ukubwa wa ubao, nikagundisha kamba juu ya mfereji, nikakata ndala kuukuu vipande vya mviringo vikawa koki. Ndiva niliijaza mchanga laini. Nilikuwa na haraka, tena wateja walikuwa wakiingia na kutoka, na kwenye kona ya tatu tone kubwa la gundi lilinidondoka likagandia pale kama kipele. Nililiona likiwa limeshakauka. Lilinikera kiasi kwamba ndani ya gari la kwenda Vudee nilikuwa nimelifunika kwa kidole gumba, kana kwamba abiria wangeliona.

Shangazi aliuweka ubao mezani na kuupapasa wote. Kisha akauliza mlima uko wapi. Nikamwambia uko upande wa kulia, maana ramani huchorwa kaskazini ikiwa juu.

"Mlima uko juu, mwanangu. Umeona wapi mlima ukakaa pembeni?"

Akaugeuza ubao hadi ndiva ikawa mbali naye. Akauchukua, akauegemeza kwenye magoti yake, ukingo wa mbali ukiwa juu na wa karibu ukiwa chini, akaanza kushuka kwa vidole viwili. Mimi niliyechora mamia ya vitu nilikuwa sijawahi kufikiri kwamba ramani inaweza kuwa na mteremko. Alishuka taratibu. Alipofika kona ya tatu vidole vikasimama juu ya tone langu la gundi, na uso wake ukafunguka.

"Umeliweka lile jiwe. Kumbe unakumbuka."

Pale kwenye kona kuna jiwe, kweli. Ndipo maji yanapoangukia. Alikuwa akinikalisha hapo wakati akinawa miguu yake. Lakini sikuwa nimelichora, na kwenye ramani ya mtaalamu halikuwepo. Nilipaswa kumwambia ni gundi tu. Nilisema, "Ndiyo, shangazi," na alasiri nzima nikakaa naye akijifunza ubao huku akihesabu kila kitu kuanzia pale. Kutoka jiwe hadi koki ya kwanza, vidole viwili. Hadi njia panda ya shamba la kanisa, kiganja. Alikosea, akarudia, kama mimi zamani kwenye ukungu, isipokuwa yeye hakulia. Jioni tulikula makande na alikuwa na furaha kama mtu aliyetoka safari. Akanisimulia miti ambayo haipo tena na waliokuwa wakiiba zamu za maji, mmoja baada ya mwingine, pamoja na ukoo wao.

Kama ningeuacha ubao ule pale, hadithi ingeishia hapo.

Uongo wa jiwe ulinikosesha raha. Nikaenda mferejini kupima kwa hatua, nikalinganisha na ramani, nikakuta jiwe la kweli liko chini zaidi ya lile tone, kama upana wa kidole. Baada ya hapo nikaanza kuona mengine: kamba imefumuka nyuzi mahali, koki moja imekaa upande. Ilikuwa Jumatatu. Nikamwambia shangazi nauchukua ubao nikausafishe kidogo tu. Alisita.

"Unatosha huu."

Nikamwambia nitaurudisha Jumatano. Kwa uhakika kabisa niliamini kwamba namsaidia. Jumanne nilibandua kila kitu, nikakwangua gundi, nikautumia ubao uleule kuanza upya. Jumatano haukuwa tayari, Alhamisi haukuniridhisha, na Ijumaa nilibadilisha kamba kwa nyingine nyembamba zaidi. Alipiga simu mara mbili nikasema unakauka. Niliufikisha Vudee Jumamosi asubuhi, saa moja kabla ya kikao, nikiwa nimeufunga kwa kitambaa. Ulikuwa mzuri. Hata leo nasema ulikuwa mzuri, na kila kitu kilikuwa mahali pake.

Shangazi alikuwa ameshavaa mabuti ya mvua yuko mlangoni. Akaketi, akauegemeza ubao kwenye magoti, akashuka na kamba hadi kona ya tatu, akapita, akasimama. Akarudi juu, akashuka tena.

"Jiwe liko wapi?"

Nikaanza kumweleza habari za vipimo, na kwamba kwenye ramani ya mtaalamu jiwe halimo. Nilieleza kwa haraka na kwa maneno mengi, kama ninavyofanya nikiwa na kosa. Mwishowe nikamwambia ukweli, kwamba lile jiwe lilikuwa gundi iliyonidondoka. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Na ule wa kwanza uko wapi?"

"Ndio huuhuu, shangazi. Niliubandua."

Hakunigombeza. Angenigombeza ningepata pa kushika. Alisimama, akaniambia nibebe ubao twende, watu wasingoje. Njia nzima ya kwenda ofisi ya kijiji, yeye akiwa na mkono begani kwangu, nilikuwa nahesabu moyoni nilichomnyang'anya. Siku tano za kufanya mazoezi, na jiwe. Nafasi yake kwenye kamati ilikuwa inaondoka asubuhi ile, na aliyeiondoa hakuwa mwenyekiti.

Wajumbe walikuwa wameketi kwenye mabenchi, simu mkononi. Wenzake wawili walionyesha vipande vyao. Zamu ya shangazi ilipofika mwenyekiti alisema, kwa upole wake uleule, kwamba kama hayuko tayari hakuna ubaya.

"Mwenyekiti, mimi Mpare. Siondoki bila kesi," shangazi akasema, na watu wakacheka, maana Wapare tunasifika kwa kupenda kesi. Akaomba nimwekee ubao magotini, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini kona ya tatu ni ipi. Nilimshika kidole nikakiweka pale. Akainama, akabandua udongo mwekundu uliokuwa umeganda kwenye buti lake, akaufinyanga kwa vidole na kuukandamiza kwenye ubao wangu, palepale lilipokuwa tone.

Kisha akaanza kuhesabu. Vidole viwili, koki ya kwanza. Kiganja, njia panda. Koki ya pili aliipata, ya tatu aliipata. Ya nne aliweka kidole mahali pasipokuwa na kitu, maana ndiyo ile iliyokuwa imekaa upande, nami niliisogeza nilipoinyoosha. Mwenyekiti akamwambia hapo sipo, akainua simu yake amsomee ilipo, akaivuta picha kwa vidole viwili ili ikue, ikaruka. Akaivuta tena. Akatangaza kwamba koki ya nne iko karibu na shule.

"Hicho ni kipande changu, mwenyekiti," mhazini akasema kutoka benchi la nyuma. "Umeshavuka korongo."

Kicheko kilikuwa kirefu, na mwenyekiti mwenyewe alikuwemo. Akaja akainama juu ya ubao, mhazini naye akaja, na mjumbe wa tatu akaacha simu kwenye benchi. Wakashuka na kamba wote, vidole vinne vitano kwenye mlima mmoja, wakabishana, wakaikuta koki ya nne, wakamshika shangazi mkono aiguse. Akaigusa. Akasema sawa, hapo kuna miwa ya fulani na atalalamika. Mwenyekiti akarudi kwenye kiti chake na kumwambia katibu aandike kwamba kipande cha shangazi kimethibitishwa. Hakuna aliyezungumza tena habari za mtu mwenye macho.

Aliendelea kuwa mjumbe muda wote wa ujenzi. Alisimama kwenye kila msaragambo, ile kazi ya pamoja ya kijiji, wa kubeba mawe na kuwachongea watoro kwa majina. Sasa mfereji ni wa saruji, ndiva imezungushiwa ukuta, na maji yanapita na sauti moja kutoka juu hadi chini. Nikienda naisikiliza. Kwenye magimbi siwezi tena kujua kama ni kwenye magimbi. Mashamba ya chini yanapata maji ambayo hayakuyapata zamani, na sina haki ya kununa, lakini nanuna kidogo.

Uchaguzi wa kamati ulipokaribia, shangazi aliniita. Alitaka niandike barua kwamba hagombei. Niliudhika. Nikamwuliza tulihangaika vile kwa ajili ya nini.

"Ili niache mwenyewe," akasema. "Vikao vimenichosha. Mgongo unauma. Andika."

Akatamka, nikaandika kwa mkono kwenye karatasi ya daftari, mistari minne. Aliwashukuru wajumbe na kuwakumbusha kwamba koki ya tatu inavuja. Nilipomsomea nikagundua nimeandika neno "kamati" mara mbili mfululizo, nikamwambia asubiri niandike nyingine safi. Alikuwa ameshachovya dole gumba kwenye wino. Alipapasa ukingo wa karatasi, akashuka nao hadi chini na kulikandamiza. Kisha akanipa barua niipeleke ofisini kabla hawajafunga.